Makubazi ya Mjumbe Mashaka

Kati ya Mlima Fahari na Mto Udhuru ipo nchi iitwayo Ketini, na msomaji asiyepata kuisikia asijilaumu, maana wenyeji wake hawatoki na habari zao hazitembei. Ardhi yake ina rutuba, mbuzi wake huzaa mapacha, na watu wake ni wakarimu mno kwa mgeni aliyekwisha fika. Ama kumfuata yule aliyeshindwa kufika, hilo waliliona kuwa ni kazi ya upepo. Kiti ndicho kilichokuwa kipimo cha utu. Mtoto akizaliwa alichongewa kigoda. Akioa alipewa kiti chenye mgongo. Akizeeka alipewa kiti chenye mikono. Na akifa, kiti chake kilitangulia mbele ya jeneza, na waombolezaji wakakisifu kiti kuliko marehemu. Walipokutana njiani hawakuulizana watokako wala waendako. Waliulizana, "Utaketi lini, ndugu yangu?"

Lakini Ketini haikuwa nchi ya wapagani, la hasha! Ilikuwa na neno, tena neno zuri, na hicho ndicho kinachonitia uchungu ninaposimulia. Zamani za mababu, Bwana Mnyenyekevu, aliyeuawa bila hatia na kaburi lisimweze, aliwatuma wajumbe wake ulimwenguni kote kupeleka habari kwamba hakuna mtu aliye najisi mbele ya Muumba wake. Wajumbe wale hawakuwa malaika wala wana wa wafalme. Alikuwamo Mwamba, mvuvi mwenye ulimi mwepesi, aliyemkana Bwana wake mbele ya kijakazi, akalia kwa uchungu, kisha akafa kwa ajili ya jina lile lile alilolikana. Walikuwamo ndugu wawili, Wana wa Radi, ambao siku moja walitaka kijiji kizima kiteketezwe kwa kunyimwa malazi. Mmoja akauawa kwa upanga angali kijana, wa pili akaishi hata uzeeni akihubiri pendaneni, pendaneni, mpaka wasikilizaji wakamchoka. Alikuwamo Mtoza, aliyeinuka kwenye meza ya ushuru akaiacha na vyote vilivyokuwa juu yake. Nyuma yao akaja Mtesi, aliyekuwa akiwafunga wenziwe, akaangushwa njiani akiwa kipofu na akaamka akiwa mjumbe; akapigwa mawe, akavunjikiwa na merikebu, asinyamaze.

Na alikuwamo Mashaka. Watu humtania Mashaka hadi leo kwa sababu alikataa kusadiki kwamba Bwana wake amefufuka mpaka atie mkono wake katika jeraha. Haya, mtanieni! Aliyeutia mkono wake katika jeraha la Bwana wake hakuogopa tena jeraha la mtu yeyote, na kwa hiyo alikwenda mbali kuliko wenziwe wote. Yeye ndiye aliyefika Ketini. Aliwakuta wanawafukuza wenye vidonda, akawaosha vidonda vyao kwa mikono yake mbele ya macho ya watu, na nchi ikaona haya, ikaacha ukatili ule. Wakampenda. Wakamchongea kiti chenye mikono, nacho hakukikalia hata mara moja. Kiangazi kimoja aliondoka bila kuaga, na waliomtafuta walikuta makubazi yake tu, viatu vyake vya ngozi, ukingoni mwa Mto Udhuru.

Wakaangua kilio. Wakasema, "Mjumbe wetu amekomea hapa," na mahali pale wakajenga nyumba ya ibada, kuta pande tatu na upande wa mto ukiwa wazi, na katikati wakayaacha makubazi jinsi yalivyokutwa, wakaapa kwamba mkono wa mwanadamu hautayasogeza. Kwa kuwa nyuma yake ndipo palipokuwa na nafasi, waumini walipiga magoti nyuma na kubusu visigino. Vizazi kwa vizazi, watu wazima wenye akili zao, walibusu visigino! Tena ikatungwa sheria: mtu akivua viatu vyake mbele ya Makubazi yumo ibadani, haguswi, hasemeshwi, wala hazuiwi mpaka avivae tena. Ikatungwa na ya pili: Mto Udhuru hauna mwisho wa kina wala hauvukiki, na mwenye kusema vinginevyo anamtukana Mashaka aliyeshindwa kuuvuka.

Kila kiangazi kilipokaribia kwisha ilifanywa Sikukuu ya Kutumwa. Alichaguliwa Mjumbe wa Mwaka, akavishwa joho jeupe, akapewa fimbo ya mpingo na mkoba wa mikate na tende. Jamaa zake walimkumbatia kwa machozi ya kweli, haki ya Mungu, machozi ya kulowesha kanga, waimbaji wakaimba, "Nenda, mjumbe, nenda!" Naye alikwenda. Aliizunguka nyumba ile mara moja na kutokea upande wa pili, ambako pilau ilikuwa imekwisha pakuliwa. Akala, na mikate ya safari akawagawia watoto. Tangu siku hiyo aliitwa Mheshimiwa Mjumbe hadi kufa kwake.

Ng'ambo ya mto ilikuwa nchi ya Ukiwa, iliyotawaliwa na Sultani Hofu. Huko mtu akitoka vidonda aliswagwa mpaka ukingoni mwa mto, na ndugu zake walimtupia chakula kwa mbali kama watupiavyo kuku. Wagonjwa wale waliwaona watu wa Ketini wakiimba, wakapaza sauti: "Vukeni mtusaidie!" Na watu wa Ketini, kwa upole mkubwa, waliwajibu, "Tunawaombea!" Sauti zile ziliendelea kiangazi chote, na masika yalipoanza zilinyamaza. Hapo Ketini ilifanya karamu nyingine ya shukrani, kwa kuwa dua zimekubaliwa na wagonjwa wamepona.

Katika nchi hiyo aliishi Bi. Azma, mjane wa Mheshimiwa Mjumbe Hashima. Alikuwa mwanamke wa makamo, mwenye nasaba, mwenye kusoma, na mwenye kiti kilichosogezwa karibu na dirisha. Mumewe alipokuwa anakata roho alimshika mkono akamwambia jambo ambalo hakupata kulitamka katika maisha yao yote ya ndoa.

"Mke wangu, mwaka wangu nilichelewa kuondoka mtoni. Karamu ilikwisha, mvua ikanikuta pale pale. Nikaona maji yakipanda ukingo wa ng'ambo. Hawakupona, Azma. Mto uliwachukua. Walikuwa hawawezi kutembea, na hapakuwa na mtu wa kuwabeba mpaka kilimani."

"Nawe ulifanya nini?"

"Nilikuwa nimevaa joho," alisema Hashima, akageuza uso ukutani.

Azma alimzika mumewe kwa heshima zote, kisha akatafuta kwa bidii kuchaguliwa Mjumbe wa Mwaka, na kwa kuwa alikuwa mjane wa mheshimiwa, uchaguzi haukumpita. Siri yake alimweleza mtu mmoja tu, kaka yake wa tumbo moja, aitwaye Ahadi, mtu mkunjufu, mwepesi wa kucheka na mwepesi zaidi wa kuapa.

"Mimi na wewe, dada," Ahadi alimwambia akijipiga kifua. "Mkoba nitaubeba mimi. Ukifa tutakufa wote!"

"Sitaki ufe, kaka yangu. Nataka uvuke."

Siku ya Sikukuu waimbaji waliimba, "Nenda, mjumbe, nenda!" Azma alifika kwenye pembe ya nyumba ambapo wajumbe wote hukata kona, naye hakukata. Alinyoosha. Mwanzoni watu walidhani amepotea njia, wakamwelekeza kwa vidole na vicheko, "Huku, Bi. Azma, pilau iko huku!" Alipotia mguu majini na viatu vyake vya heshima, vicheko vikakatika, na walinzi wakamkimbilia wakamburura hadi nchi kavu, joho likichuruzika maji. Alitazama nyuma kumtafuta Ahadi. Ahadi alikuwa amesimama kwenye umati, mkoba umemning'inia begani, na miguu yake haikusogea.

Kesi ilisikilizwa asubuhi yake, katika nyumba ile ile ya Makubazi, kwa kuwa kosa lenyewe lilitendeka pale. Mawingu yalikuwa yameanza kukaa juu ya Mlima Fahari. Kitini aliketi Mhifadhi Mkuu, Mzee Tahadhari, mtu mwema kwa jinsi yake, mwenye mvi nyingi na sauti ya kubembeleza. Mshitaki alikuwa Wakili Fasaha, ambaye hata akisema "hapana" unajikuta unamshukuru. Shitaka lilisomwa: Bi. Azma, mjane wa Hashima, ameshitakiwa kwa kosa la kutii kupita kiasi.

"Bi. Azma," alianza Fasaha, "wimbo ulipokuambia 'nenda,' wewe ulielewa nini?"

"Nilielewa nenda."

Ukumbi uliguna. Fasaha akatabasamu kama mtu anayemvumilia mtoto.

"Na waheshimiwa waliokutangulia, wenye elimu na umri, walielewa nini?"

"Waulizwe wenyewe, Wakili. Yule niliyelala naye kitanda kimoja alielewa kama nilivyoelewa mimi, akaogopa. Aliwaona wale wa ng'ambo wakichukuliwa na maji. Sisi tukala karamu ya kushukuru."

Wanawake kadhaa walishika vinywa. Fasaha akalikwepa jambo hilo upesi kwa kumwita shahidi, naye alikuwa Ahadi. Alikuja mbele bila ule mkoba, akiangalia sakafu.

"Ndugu Ahadi, yasemekana ulijua nia ya dada yako, na uliahidi kufuatana naye. Ni kweli?"

Ahadi alitazama walinzi, akatazama viti vya waheshimiwa, akatazama kila kitu isipokuwa uso wa dada yake.

"Sikujua," alisema. "Wala sikuahidi. Dada yangu amekuwa na mawazo yake tangu afiwe."

Azma alimtazama, na macho yale yalimchoma Ahadi kuliko matusi, akarudi nyuma na kujificha penye nguzo. Msomaji, usiwe mwepesi kumtemea mate. Mwamba mwenyewe alianzia hapo hapo.

Sasa Mzee Tahadhari aliinama mbele kutoka kitini pake. "Mwanangu," alisema, "hebu niache sheria niseme nawe kama mzazi. Hatukuchukii. Lakini maradhi yale huambukiza. Ukienda ukarudi nayo, nani atawazika watoto wetu? Na kila mtu akinyoosha badala ya kukata kona, Ketini itabaki na nani?"

"Swali la watoto ni la haki, Baba, nami nimeliwaza," alijibu Azma. "Sitarudi mpaka niwe salama, na nisipokuwa salama nitazikwa huko. Nyumba yangu igaweni, kiti changu kichomeni. La pili nakujibu kwa kuuliza, ukiniruhusu. Kaburi la Mashaka liko wapi?"

Mzee alijibu, "Hakuna kaburi."

"Nani aliyeiona maiti yake?"

"Hakuna aliyeiona."

"Makubazi yale, nani aliyeyapanga jinsi yalivyo?"

"Hakuna! Mkono wa mwanadamu haujayagusa tangu siku yalipokutwa. Ndicho kiapo chetu."

"Basi aliyeyapanga ni yeye mwenyewe," alisema Azma, na sauti yake, iliyokuwa ya chini tangu asubuhi, ikapanda. "Njooni mtazame, enyi mliobusu nyuma maisha yenu yote! Gidamu zimefunguliwa taratibu, hazikukatika. Aliyebururwa na maji hapati nafasi ya kufungua gidamu. Kubazi la kulia limewekwa ubavuni mwa la kushoto, na upande wa vidole unaelekea wapi? Unaelekea mtoni! Wahenga walisema, maji ukiyavulia nguo sharti uyaoge; Mashaka aliyavulia viatu. Hakukomea hapa. Alivuka peku, na sisi tumemjengea nyumba mahali alipotuacha."

Watu walinyanyua shingo kutazama makubazi yale kana kwamba yameletwa leo, na mzee mmoja aliyekuwa Mjumbe wa Mwaka ujanani mwake akaanza kulia waziwazi. Kutoka ng'ambo sauti ya mwanamke ilisikika, imekauka, inaita kama ilivyoita kiangazi chote: "Vukeni mtusaidie!" Mwanamke yule aliitwa Haja. Ketini walilijua jina lake, kwa kuwa alikuwa akilitaja mwenyewe kila alipoita, na hakuna aliyepata kumjibu kwa jina.

Mzee Tahadhari alijifuta jasho. Alikuwa ameelewa, hilo lilionekana usoni pake. Lakini kuelewa ni jambo moja, na kuinuka kitini ni jambo jingine.

"Haya ni mazito," alisema. "Baraza litakaa kuyatafakari. Hukumu itatolewa baada ya masika."

"Baada ya masika!" Azma alisema. "Ngojangoja huumiza matumbo, Baba. Hii yenu huua."

Radi ilinguruma mlimani. Azma hakubishana tena. Aliinama mbele ya watu wote, akafungua gidamu za viatu vyake bila haraka, cha kulia na cha kushoto, akaviweka sakafuni nyuma ya makubazi ya Mashaka, vidole vikielekea kule kule.

"Mkamateni!" alipiga ukelele Fasaha.

Walinzi walipiga hatua, na jemadari wao akanyoosha mkono akawazuia. "Haiwezekani, Wakili. Amevua viatu mbele ya Makubazi. Yumo ibadani."

"Na ibada yake itakwisha lini?"

"Atakapovivaa tena, Mheshimiwa. Ndiyo sheria."

Azma alitoka kwa upande ule usio na ukuta, akashuka mtoni. Maji yalimfika magotini, yakamfika kiunoni, na wanawake wakaanza kuomba kwa sauti. Yalimfika kifuani. Watu wakangoja mto usio na mwisho wa kina ummeze. Kifuani pakawa ndio mwisho. Hatua chache mbele maji yakaanza kushuka, kiuno kikaonekana, magoti yakaonekana, na Azma akasimama ng'ambo, nguo zimemganda mwilini, akitweta.

Haja, aliyekuwa akiita kiangazi chote, alipomwona mtu amekuja kweli alirudi nyuma kwa hofu. "Usinikaribie, mama!" alilia. "Nina vidonda!"

"Ndivyo nilivyovifuata," alisema Azma, akamshika uso kwa mikono yake miwili.

Wito ukanyamaza. Ketini ilikuwa haijapata kuusikia ukimya ule kabla ya mvua, na watu hawakujua la kufanya nao. Waliona Azma akimpandisha Haja mgongoni na kuanza kupanda kilima, akiteleza na kusimama tena, na nyuma yake wagonjwa wamelala ukingoni, wengi kuliko mgongo wa mtu mmoja.

Wa kwanza kupata maneno alikuwa Fasaha, na msinione mzushi, machozi yalikuwa yakimtiririka. "Mtakatifu!" alisema. "Tulikuwa naye tusimjue! Tumjengee nyumba yake, hapa hapa ubavuni mwa hii. Mwiteni seremala apime sanduku la kioo kwa ajili ya viatu vyake. Na mtu asivisogeze!"

Wallahi, nchi nyingine hazina dawa! Waheshimiwa walikuwa wameanza kuitikia kwa vichwa, na mmoja akisema nyumba hiyo ya pili iwe kubwa kuliko ya kwanza, ndipo Ahadi alipotoka nyuma ya nguzo. Alipita katikati yao, akaviinua viatu vya dada yake kutoka sakafuni.

"Weka chini!" Fasaha alimaka. "Huo ni urithi wa nchi!"

"Ni viatu vya dada yangu," alisema Ahadi. "Ng'ambo kuna miiba."

Akavua na vyake. Alivifunga vyote vinne kwa gidamu, akavitundika shingoni, na walinzi wakamtazama miguu yake mitupu wasiwe na la kumfanya. Aliwageukia watu akasema, "Niliapa, na leo nikakana. Nilijua na niliahidi." Kisha akaingia mtoni mbiombio, akajikwaa, akamezwa na maji, akaibuka akipiga chafya na viatu vinamgongagonga kidevuni, akaendelea. Sakafuni pale vilipokuwa viatu vya dada yake, ambavyo havikuwa vimekauka tangu jana, palibaki unyevu kidogo, na seremala aliyekuja na kamba yake ya kupimia hakuona cha kupima.

Matone ya kwanza ya mvua yakaanza kuanguka. Kwa desturi, baraza likiahirishwa, Mhifadhi Mkuu hupiga magoti na kubusu visigino, naye Mzee Tahadhari akapiga magoti. Lakini safari hii macho yake yalikwenda mbele, upande wa vidole, yakavuka mto, yakawaona kaka na dada wameshikana mikono kufanya machela, mgonjwa kati yao, na wagonjwa wengine wakiinua vichwa kutoka mchangani kungoja zamu zao. Hakubusu kitu. Mwisho akavua viatu vyake, akamnyooshea jemadari mkono ili ainuliwe.

"Mwanangu," alimwambia, "maji yale yamemfika wapi Azma?"

"Kifuani, Baba."

"Kifuani!" Mzee alisema. "Na sisi siku zote hizi hatukupima."

Akashuka mtoni, amemshika jemadari begani.